Mjadala: Aliyeidanganya mahakama kuhusu michango ya wafanyakazi, kesi yake iendelee kusikilizwa?

Mleta hoja: Wakuu, chukulieni mwajiri amekadiriwa michango ya mfuko wa ustawi wa wafanyakazi. Anaona imezidi, anakimbilia mahakamani na hati ya kiapo: vibarua wake ni kumi na wawili tu, na hakuitwa kujieleza kabla ya kukadiriwa. Anapewa zuio la muda bila upande wa pili kuwepo. Baadaye mfuko unaleta daftari la mishahara lenye majina arobaini, na barua ya wito yenye saini yake ya kuipokea.

Mimi nasema ombi litupwe siku hiyohiyo, bila kugusa kama hesabu ya mfuko ilikuwa sahihi.

Sijalianzisha mimi hilo. Mwaka 1917 huko Uingereza, Princess Edmond de Polignac alipinga makadirio ya kodi ya mapato. Ikaonekana kiapo chake hakikueleza ukweli wote, na Mahakama ya Rufaa ikakataa hata kupima kama alistahili kutozwa. Mwaka 1993 Mahakama ya Juu ya India nayo ilimfungia mlango mdai aliyeficha hati aliyoisaini mwenyewe, ikisema hukumu iliyopatikana kwa ulaghai ni batili.

Mchangiaji wa kwanza: Mkuu, unachanganya adhabu na hesabu. Kama mfuko ulikosea, deni lisilokuwepo haligeuki kuwa deni kwa sababu mlalamikaji ni mwongo. Mshtakini kwa kiapo cha uongo, mtwisheni gharama za kesi, lakini hesabu ipimwe.

Mleta hoja: Hoja nzito hiyo, ila unasahau uongo ule ulinunua nini. Haukununua ushindi, ulinunua muda. Sheria ya India ya 1996 ya tozo kwa wafanyakazi wa ujenzi, iliyotumika hadi 2025, ilitoza 1% hadi 2% ya gharama ya ujenzi, na aliyechelewa alilipa riba ya 2% kwa mwezi. Piga mwenyewe: miaka mitano ni 120%, bila riba juu ya riba. Sasa zuio likiisimamisha riba hiyo, mwongo ameshinda hata akishindwa. Kwa hiyo ombi likifutwa, riba ihesabiwe tangu siku deni lilipoiva, kama vile zuio halikuwahi kutolewa.

Na hajaachwa bila njia. Sheria hiyohiyo ilimpa aliyekadiriwa haki ya kukata rufaa ndani ya mfumo wenyewe. Akiiruka, akaenda kuomba hisani ya mahakama kwa mikono michafu, muda wa rufaa ukampita, amlilie nani?

Mchangiaji wa pili: Nimeshika mafaili ya mishahara miaka mingi. Mara nyingi si ulaghai. Mhasibu anampa wakili orodha ya mwaka juzi, bosi anasaini bila kusoma. Huyo naye mumtupe nje? Kesi ya Brink's Mat, Uingereza, ilisema si kila kilichoachwa bila kutajwa kinaua zuio. Mahakama itazame uzito wa jambo, na kama lilifichwa kwa makusudi.

Mleta hoja: Hapo narudi nyuma hatua moja. Kipimo changu ni kimoja: daftari limeletwa na nani? Akilileta mwenyewe na kusema “tulikosea”, asikilizwe. Likiletwa na mfuko, sitaki kusikia habari za mhasibu. Kusaini bila kusoma si utetezi, kiapo ni chake.

Mchangiaji wa tatu: Na ofisa wa mfuko aliyekadiria kwa kukisia, hajafika hata eneo la kazi, halafu anaapa alikagua?

Mleta hoja: Kamba ileile. Makadirio yafutwe, aanze upya, na gharama zitoke kwake, zisichotwe kwenye michango.

Mchangiaji wa nne: Mnazungumza mwajiri, mfuko, mawakili. Kile kiapo kilisema kumi na wawili. Wale ishirini na wanane waliofutwa kwa kalamu, kuna aliyewaambia kesi ipo?

Mleta hoja: Hapana. Na ukweli ni kwamba hata mimi sikuwataja nilipoanza. Mwenye uzoefu wa wafanyakazi kuomba kuunganishwa kwenye kesi ya namna hii, atueleze walifanyaje.