Fernanda Torres aliporwa Oscar, au ni mahaba tu?

Mleta mada: Wakuu, tujadili hili bila matusi. Tangu Machi 2025 ukigusa tu habari za Oscar lazima atokee mtu aseme yule mama wa Brazil, Fernanda Torres, aliporwa, eti tuzo ya mwigizaji bora wa kike ilikuwa yake kabisa ila wakampa yule binti wa Marekani, Mikey Madison. Mimi nasema hakuporwa, kashindwa. Huyu 1986 akiwa na miaka 20 alibeba tuzo ya mwigizaji bora wa kike pale Cannes, tamasha la filamu la Ufaransa, akagawana na Barbara Sukowa wa Ujerumani, sasa mtu wa hivyo mnamlilia kama chipukizi aliyebaniwa? Januari 2025 kachukua tuzo ya Golden Globe, halafu filamu yenyewe aliyoigiza, Ainda Estou Aqui, ikaipa Brazil Oscar yake ya kwanza ya filamu bora ya kimataifa. Mnataka nini tena?

Mdau 1: Hapo umechemka mkuu. Mama yake mzazi, Fernanda Montenegro, aliingia kinyang'anyiro hichohicho 1999 kwa filamu ya Central do Brasil, mwongozaji huyohuyo Walter Salles, tuzo ikaenda kwa Gwyneth Paltrow. Binti kaja, yaleyale. Wote wameigiza kwa Kireno. Hebu hesabu waliowahi kubeba hiyo tuzo kwa filamu isiyo ya Kiingereza, utamkuta Sophia Loren, utamkuta Marion Cotillard, basi. Halafu Madison kazaliwa Machi 1999, mwezi uleule mama wa watu alipokosa 😂

Mdau 2: Tusizunguke. Januari 2025 ilifufuliwa video ya 2008 kwenye kipindi cha televisheni, Torres kajipaka rangi usoni aonekane mweusi. Mimi kama Mwafrika sikuipenda hata kidogo.

Mleta mada: Wengi hatukuipenda, na aliomba radhi mwezi huohuo. Ila kusema ndiyo iliyomkosesha ni ramli, kura za wale jamaa wa Oscar ni siri. Na wewe Mdau 1, lugha ni kikwazo, sawa, ila kikwazo siyo wizi.

Mdau 3: Mnaongelea tuzo tu, kazi yenyewe hamuigusi. Kwenye hiyo filamu Torres anamwigiza Eunice Paiva, mke wa Rubens Paiva, mbunge wa zamani aliyechukuliwa nyumbani kwake Rio Januari 1971 enzi za utawala wa kijeshi asirudi tena. Kuna sehemu watu wa jarida wamekuja kupiga picha, wanataka familia inune ili picha iuze huzuni, Eunice anawaambia watoto wacheke, na yeye anacheka. Tazama macho yake hapo. Mwingine angelia mpaka kamasi, yeye anakaza, machungu unabaki nayo wewe mtazamaji. Tatizo uigizaji wa kimyakimya hivyo hauna ile klipu ya kelele ya kurusha kwenye kampeni.

Mdau 4: Mtoto wa Montenegro na Fernando Torres, wote waigizaji, halafu mnashangaa kafika? Kabebwa.

Mdau 3: Kubebwa kunakufungulia mlango, lakini miaka yote hiyo ndani unakaa na nani? Brazil mtaani huyu wanamjua kwa vichekesho, Os Normais, Tapas & Beijos. Mchekeshaji kugeuka akawa Eunice siyo jambo la jina la mama. Na mama mwenyewe yumo, anamcheza Eunice uzeeni dakika za mwisho, haongei neno.

Mdau 1: Usiku ule wa Oscar Brazil ilikuwa Jumapili ya Carnival, ile sherehe yao kubwa ya mitaani, watu barabarani wamevaa vinyago vya sura yake. Madison kavaliwa kinyago wapi?

Mleta mada: Sasa vinyago navyo vina kura? Haya, nakuuliza kitu kimoja tu, Anora, filamu aliyochezea Madison, umeiangalia?

Mdau 1: Bado.

Mleta mada: 😂😂😂 Kaiangalie kwanza mkuu, thread ipo.