Hivi Akii-Bua wa Uganda aliishia kambini au alikuwa kocha?

mtoto_wa_bukoba: Wakuu habari zenu, jana kijiweni tumebishana mpaka kahawa ikapoa. Mzee mmoja anasema John Akii-Bua, yule Mganda wa dhahabu ya mita 400 viunzi, Olimpiki ya Munich 72, baadaye alikuwa kocha, mwenzake akakataa katakata eti jamaa aliishia kambi ya wakimbizi. Nani mkweli? Halafu hiyo mita 400 viunzi (mbio za kuruka vizuizi) nayo ni mbio fupi kweli?

KijitiChaNne: Wote wakweli mkuu. Jamaa alikuwa polisi, sasa vita vya 79 vilipofika Kampala polisi wa enzi za Amin angetazamwaje? Na hapo yeye ni mtu wa Lango, kabila ambalo Amin mwenyewe alilichinja. Akakimbilia Kenya na familia, akawa mkimbizi, wale Puma wa viatu wakamtoa wakampa kazi Ujerumani. Olimpiki ya Moscow 80 alikimbia akaishia nusu fainali, baadaye ndo akarudi Uganda akafundisha. Kafariki 1997 ana miaka 47 tu, serikali ikamzika kwa heshima zote.

spaiki_kuukuu: Mbio fupi ndio, mwisho wake ni mita 400, ila ya viunzi ni adhabu kaka, viunzi 10 kila kimoja kinakukaribia kiunoni na pumzi huna. Na siku ya fainali kapangiwa leni ya 1, kule kona imebana kuliko zote, watu wanaichukia hiyo leni mpaka leo!! Kamaliza 47.82, binadamu wa kwanza kushuka chini ya sekunde 48. Mwingereza David Hemery aliyekuwa na rekodi ya dunia ya 48.12 kashika nafasi ya tatu. Jamaa hata hakuchoka, akazunguka tena uwanja anashangilia huku anaruka.

mama_wawili_KLA: Msisahau aliyemfundisha yeye, Malcolm Arnold, Mwingereza. Akii-Bua alikuwa wa mita 110 viunzi, Arnold ndiye akamhamishia 400, akawa anapandisha vilima amevaa fulana ya uzito. Mimi kinachoniuma ni 1976 jamani, Afrika ikasusia Olimpiki ya Montreal sababu New Zealand walienda kucheza raga kwa makaburu, Mmarekani Edwin Moses akachukua dhahabu na rekodi pamoja. Moses na Akii-Bua hatukuwaona wakikutana fainali ya Olimpiki. Na sisi dhahabu nyingine tukaingoja miaka 40, mpaka Kiprotich wa marathoni 2012.

wa_kisauni: Wabara mnasahau mbio fupi zilianzia kwetu Mombasa 😂 Seraphino Antao, michezo ya Jumuiya ya Madola Perth 1962, yadi 100 na yadi 220 zote dhahabu, Kenya bado chini ya Mwingereza.

mtoto_wa_bukoba: Shukrani wakuu. Kumbe kahawa analipa nani sasa, wazee wote wameshinda, naona itaniangukia mimi