Muvi za stimpanki zenye mashabiki sugu, nianze na ipi?

jicho_moja: Wakuu habari, juzi nimeona picha ya jamaa kavaa miwani ya shaba na kofia ndefu nikaambiwa hiyo ndo stimpanki, yaani dunia ya gia na mitambo ya mvuke. Nataka zile muvi ambazo hazikuvuma sana ila wanaozipenda hawasikii la mtu.

mzee_wa_gia: The City of Lost Children, ya Jeunet na Caro, Ufaransa 1995, hapo hata usijiulize. Kuna jamaa hawezi kuota ndoto basi anaiba watoto ili achukue za kwao, halafu kuna ubongo unaongea ukiwa kwenye tanki la maji. Kuna sini moja tone tu la chozi linaanzisha balaa, hiki kinagusa kile, kile kinagusa kingine, mpaka meli nzima inakuja kuparamia gati. Nimeirudia hiyo sini mpaka nimechoka mwenyewe.

dada_katuni: Kama katuni hazikukeri tafuta Steamboy ya Katsuhiro Otomo, 2004. Uingereza ya 1866, dogo anakimbizwa kisa mpira wa chuma uliojaa mvuke wa presha ya kutisha. Stori nyepesi kusema ukweli, ila hizo mashine zilivyochorwa!

pilipili: Mtanicheka ila mi ni Wild Wild West ya 1999, wakosoaji waliiponda vibaya lakini lile libuibui la chuma sijawahi kulisahau.

mzee_wa_gia: @pilipili tunakucheka kweli 😂

jicho_moja: Poa, leo usiku naanza na ya ubongo.