Naomba ushauri: nataka kufua vitambaa vya hedhi hadharani, Tabora

Binti wa Isevya
Shikamooni wakubwa. Mimi ni mwanafunzi wa sanaa hapa Tabora, na nimekusudia kufanya onyesho la sanaa ya utendaji, ambayo msanii haigizi mtu mwingine bali mwili wake na kitendo chake ndiyo kazi yenyewe. Nitakaa chini ya mwembe kwa saa tatu bila kusema neno, nikifua vitambaa vilivyotiwa rangi nyekundu na kuvianika mbele ya wapita njia, kwa sababu nyumbani tulifunzwa kuvificha chini ya nguo nyingine, mahali ambapo havipati jua. Kodi ya ongezeko la thamani kwenye pedi ilipofutwa mwaka 2018 na kurudishwa mwaka 2019, wabunge waliijadili kwa vipaza sauti. Kwa nini kamba yangu iwe aibu? Mama amesema nikithubutu nisirudi kwake.

Mzee wa Kiloleni
Marahaba, mwanangu. Usidhani unaleta jambo geni Unyamwezini. Mtani huja msibani, akaiga mwendo na kikohozi cha marehemu mbele ya wafiwa wanaolia, akadai chake ndipo shughuli iendelee, na hakuna anayempiga, maana kila mtu anajua ni nani aliyempa ruhusa hiyo. Wewe huna utani na mji mzima. Itafute ruhusa kwanza: kwa afisa utamaduni wa manispaa, ndiyo, lakini zaidi kwa wanawake wa ukoo wako.

Mama Watatu
Mimi sikubaliani nawe, binti yangu. Mambo hayo tulifundishwa na masomo wetu, wanawake waliotufunda, ndani, wanaume wakiwa mbali, na haikuwa aibu, ilikuwa faragha. Vitambaa kukosa jua ni kosa la kurekebishwa, lakini je, ni lazima muuza mihogo avione?

Fundi Cherehani
Mwaka 1974 mjini Napoli, Italia, msanii wa utendaji Marina Abramović alisimama kimya kwa saa sita kando ya meza yenye vitu 72, miongoni mwake waridi, mkasi na bastola, akawaruhusu watazamaji wamtendee wapendavyo. Walianza kwa upole. Baadaye wakamkata nguo, na bastola ikaelekezwa kwake. Hofu yangu ni ukimya wako, si vitambaa. Weka watu wawili watakaojibu matusi kwa niaba yako, na upange mapema ni nani atakayesimamisha onyesho.

Binti wa Isevya
Nashukuru. Neno la Mama Watatu limeninyima usingizi, hivyo nimelipeleka kwa shangazi. Amekubali kukaa nami na kujibu maswali, kwa sharti kwamba vitambaa vikatwe kutoka kwenye kanga zake kuukuu na kamba iwe nyuma ya ua wa makuti, ili aonaye awe ameamua kuingia. Mama bado hasemi nami. Nimebaki na swali moja: lango la ua niliache wazi, au niweke pazia?