Gia ya foo wili iligoma kutoka, naomba ushauri

Wakuu, habari zenu. Nina gari la foo wili la zamani, lile lenye kijiti kifupi cha pili pembeni ya gia: 2H (tairi mbili za nyuma ndizo zinavuta), 4H (zote nne, mwendo wa kawaida), N (huru), 4L (zote nne, mwendo mdogo wenye nguvu nyingi). Halina difu ya katikati, ile inayoruhusu tairi za mbele na za nyuma kuzunguka kwa kasi tofauti, na habu za mbele (vifungio vya katikati ya tairi vinavyoziunganisha na ekseli) nazifunga kwa mkono.

Jana nilikuta tope zito. Nikasimamisha gari kabisa, nikakanyaga klachi, nikaweka 4L, likatoka taratibu bila shida. Kosa nililifanya nilipofika lami kavu: nilirudisha 4H tu, nikaenda kama kilomita mbili hivi. Kwenye kona usukani ukawa mzito, tairi zinalia na kurukaruka. Najua kwamba kwenye kona tairi za mbele hupita njia ndefu kuliko za nyuma, na mfumo huu unazilazimisha kuzunguka sawa, kwa hiyo mkazo unajaa kwenye propela (shafti za kupeleka nguvu mbele na nyuma). Kijiti kikakataa kurudi 2H. Nilikivuta mpaka kiganja kikawa chekundu. Mwishowe nikarudi rivasi mita chache, usukani umenyooka, nikasikia "tak!" kikaachia.

Je, kilomita hizo mbili zinaweza kuwa zimeumiza gia za ndani? Nimwage oili niangalie kama ina vipande vya chuma, au nisubiri dalili? Na kuingiza 4H gari likiwa linatembea, habu zimeshafungwa, nyie mnafanya kwenye spidi gani? Gari nimelinunua mkononi, halina hata kitabu. Nalipenda sana, sitaki kuliua kwa kutojua.