Naombeni ushauri, shamba limegoma kabisa: niongeze urea au nimwage chokaa?

Kijana_wa_Himo
Wakuu habari za jioni. Nina eka mbili za mahindi huku tambarare chini ya Njia Panda ya Himo, mzee ametuachia. Zamani tulikuwa tunatoa gunia 15 kwa eka, mwaka jana nimetoa 4 na zenyewe za kuokoteza. Mvua ikinyesha maji yanasimama siku mbili, jua likiwaka ardhi inapasuka, ukipiga jembe linalia kama umegonga lami. Masika ndo hiyo inakuja na sina hela ya kubahatisha. Usiku silali jamani.

Meku_Kibosho
Pole kijana. Sisi huku mlimani kihambani, kwenye shamba la migomba la nyumbani, mfuko wa mbolea tunauona kwa jirani. Migomba inakula majani yake yenyewe, na samadi ya ng'ombe wawili wa bandani, ukichota udongo unanukia kama mvua ya jana. Bibi yangu alikuwa akikuta mtu anachoma majani ya mgomba anamfukuza na fimbo. Nyie vijana mmeacha banda mkakimbilia duka.

Mzee_wa_Ripa
Chokaa bila kupima udongo usimwage, hiyo inatibu uchachu tu na hujui kama unao. Waulize TARI Selian, wale wa utafiti wa kilimo kule Arusha, utaratibu wa kupima. Ila dalili zako mimi naona ni diski, lile jembe la sahani la trekta, ikilima kina kilekile kila mwaka huko chini panashindiliwa panakuwa tabaka gumu, mzizi ukifika pale unakata kona, maji nayo hayapiti. Mabua unapeleka wapi?

Kijana_wa_Himo
Tunapandisha mlimani na Fuso, ng'ombe wa mama wanakula. Samadi kuishusha ni gharama, kwa hiyo hairudi. Na trekta ya diski nimeshaiwekea oda ya Jumamosi.

Dada_Ngaramtoni
Sasa kaka kila mwaka unabeba, hurudishi, unategemea nini? Mimi nilipanda ngwara, jamii ya maharage inayotambaa, katikati ya mahindi yalipofika magotini, mahindi nikavuna, ngwara yenyewe ikabaki imetandaza kijani hadi kiangazi, mizizi inashuka chini huko na mbolea inajitengenezea. Nimekuja Jumapili natoka kanisani nakuta ng'ombe wa watu wamelamba yote. Nililia. Tangu hapo nimeweka miba na nimeongea na wafugaji, ndo imekaa.

Mzee_wa_Ripa
Kuna kitu hujasema mangi. Eka zote mbili ziko hivyo au kuna sehemu imezidi?

Kijana_wa_Himo
Upande wa barabarani ndo hapaoti kabisa.

Mzee_wa_Ripa
Pamefanywa nini?

Kijana_wa_Himo
Sawa niseme. Mwaka juzi jamaa wa tofali walichota udongo wa juu, nusu eka, futi moja hivi, wiki mbili wakamaliza. Mtoto alikuwa anaenda bweni, mngenichangia nyie? Na wamerudi, nimeshapokea advansi ya kipande cha pili, hiyo ndo ya kununulia mbolea. Udongo si upo tu, chini kuna mwingine.

Mama_Shukrani
Mwanangu, huo wa chini ni udongo wa kujengea. Wa juu ndo wenye uhai, inchi moja inachukua mamia ya miaka kujitengeneza. Umeuza alichokuachia baba yako.

Hesabu_Hazidanganyi
Hii chai. Nusu eka kwa futi moja ni kyubiki mita 600, hizo ni kama tripu mia za Fuso. Kwa wiki mbili kwenye njia ya shamba? Kesho atatokea mtu na "mboji ya maajabu" na namba ya simu. Mods fungeni.

Dada_Ngaramtoni
Kweli bwana, tushaona nyuzi kama hizi.

Kijana_wa_Himo
Siuzi kitu. Nimetoka shambani sasa hivi. Nimepima kwa hatua, ni 30 kwa 20, nusu eka nilikadiria kwa macho. Nimechimba shimo mbili. Pale palipochotwa ni pekundu, pagumu, hamna hata mnyoo. Chini ya mwembe ambapo trekta haifiki jembe limezama lenyewe, udongo mweusi, minyoo nimehesabu saba, na mizizi myembamba kama nywele. Hatua 40 tu zimetenganisha.

Hesabu_Hazidanganyi
Hapo inakuja kama tripu 20. Samahani mkuu. Advansi irudishe.

Kijana_wa_Himo
Nusu nimeshaitumia.

Mzee_wa_Ripa
Rudisha iliyopo, nyingine mkubaliane utalipa kwa mavuno. Diski futa. Pachane kwa ripa, jembe la kuchana mistari tu bila kugeuza udongo, pale pekundu peleka samadi yote utakayopata uweke ngwara na mbaazi, mahindi usiguse mwaka huu. Mabua nusu apewe ng'ombe, nusu yalale shambani. Gunia 15 hazirudi msimu mmoja, nisikudanganye.

Meku_Kibosho
Fuso ikipanda na mabua inashuka tupu, si ndiyo? Nina samadi ya miezi minane imeoza vizuri. Lete hiyo gari.

Kijana_wa_Himo
Shikamoo meku. Nakuja Ijumaa. Mzee wa ripa, hiyo ripa inavutwa na ng'ombe au trekta?

Mzee_wa_Ripa
Ng'ombe wawili. Jumamosi ile ile ya trekta, saa kumi na mbili asubuhi niko kwako.