Usanifu majengo, jukwaa la tamthilia au kuanzia chini: njia ipi inamfaa anayetaka kubuni mandhari ya filamu?

Chorachora
Wakuu, nalinganisha njia tatu za kufikia ubunifu mkuu wa mandhari: shahada ya usanifu majengo, ubunifu wa jukwaa la tamthilia, au kuingia idara ya sanaa kama msaidizi na kupanda. Kila njia inamwacha mtu na pengo gani?

Fito_na_Plaiwudi
Msanifu majengo anakuja na ramani ya sakafu kwa skeli ya 1:50 na sura za kuta (michoro ya ukuta ukitazamwa kwa mbele) kwa 1:25, na seremala anazisoma bila kuuliza. Hilo wengine hulihangaikia miaka. Pengo lake ni kwamba anajenga nyumba, na seti, yaani mahali panapojengwa ili kupigiwa filamu, si nyumba. Ukuta wa seti ni plaiwudi ya milimita 6 juu ya fremu ya mbao, umeegemezwa kwa nyuma na kukandamizwa kwa mifuko ya mchanga. Mara nyingi ukuta huo lazima uondolewe ili kamera ipite. Msanifu mgeni anapiga kona misumari, anajaza puti na kupaka rangi juu yake. Mwongozaji akitaka ukuta uondoke, unaondoka na nusu ya kona. Ukuta wa kutoka hufungwa kwa skrubu au bolti. Mshono hufichwa kwenye kona, au kwa ukanda wa kitambaa uliopakwa rangi ileile, unaobandulika.

LenziPana
Tena wengi wanachora bila kujua lenzi. Hesabu ya upana ambao kamera itaona: umbali mara upana wa kihisi (sehemu ya kamera inayopokea picha), gawanya kwa urefu wa fokasi (ile namba ya mm ya lenzi). Kihisi cha Super 35, ukubwa mmojawapo wa kamera za filamu, kina upana wa kama mm 25. Kamera ikiwa mita 4 kutoka ukutani, lenzi ya mm 35 inaona upana wa karibu mita 2.9, ya mm 18 inaona mita 5.6. Kwa wima, fremu ya 16:9 na hiyo mm 18 inakula mita 3.1. Weka kamera kwenye kimo cha mita 1.5: ukuta wa mita 2.4 (plaiwudi moja iliyosimamishwa) utaonyesha ukingo wake wa juu na taa zilizo nyuma. Muulize mpiga picha mkuu kuhusu lenzi kabla mbao hazijakatwa.

Pazia_Jekundu
Mnaisahau tamthilia. Inafundisha kusoma skripti, kubishana na mwongozaji kwa adabu, kujenga maketi (mfano mdogo wa seti), na kujua rangi inavyogeuka chini ya taa. Ila jukwaa hutazamwa kwa mbali. Mistari ya brashi inayopita kama mbao kwa mtu wa safu ya kumi, kamera ikisogea inabaki kuwa rangi tu. Na kuta nyeupe tupu epuka: zinarudisha mwanga mwingi kuliko uso wa mwigizaji. Zififishe kidogo, na rangi iwe isiyong'aa.

Mgawa_Skripti
Mimi naunga mkono kuanzia chini, kwa sababu moja: huko ndiko mtu anajifunza kugawa skripti. Kila ukurasa hugawanywa katika sehemu nane, kisha unajumlisha kila seti inabeba kurasa ngapi, mchana na usiku. Seti yenye kurasa 14 inastahili kujengwa studio. Yenye 2/8, yaani robo ukurasa, tafutia eneo halisi, umalize. Halafu bajeti: kununua, kukodi, kujenga, na ile ambayo wageni huisahau, kubomoa na kurudisha eneo lilivyokuwa.

Hatari yake ni kukwama kwenye propu (vifaa vinavyotumika kwenye seti) miaka mingi kwa sababu hujui kuchora. Ken Adam, mbunifu wa mandhari wa filamu za James Bond, alisomea usanifu majengo London, lakini kwenye filamu alianza kama mchora ramani. Huo mchanganyiko ndio naupendekeza.

Chorachora
Kwa hiyo nikiomba kazi ya msaidizi, nipeleke nini?

Mgawa_Skripti
Chukua skripti fupi ya kurasa 10. Peleka mgawanyo wake wa seti, ramani moja ya 1:50 yenye pembe za lenzi, sura mbili za kuta, picha za maketi zilizopigwa kwa kimo cha macho ya mwigizaji, na orodha ya propu yenye bei. Ubao wa picha za kuokota mtandaoni weka mwisho au uache. Kila mwombaji anao.

Fito_na_Plaiwudi
Na vipimo viandikwe kwenye ramani. Fundi asilazimike kupima karatasi kwa rula, maana ikichapishwa kwa ukubwa tofauti skeli imekufa.